René Maran: alishinda tuzo kubwa kuliko zote za riwaya Ufaransa, kisha akasahauliwa

Tarehe 14 Desemba 1921, wajumbe wa Académie Goncourt walikutana kwenye mgahawa wa Drouant, Paris, kuchagua riwaya ya mwaka. Kura ziligawanyika tano kwa tano. Watano walimtaka Jacques Chardonne na riwaya yake ya mapenzi na ndoa, L'Épithalame. Watano waliobaki walitaka riwaya fupi inayomhusu jumbe wa kijiji katikati ya Afrika. Mwenyekiti, Gustave Geffroy, alikuwa na kura ya kuamua, na akampa jumbe yule. Ndivyo Batouala ilivyoshinda, na ndivyo René Maran alivyokuwa mtu mweusi wa kwanza kupewa tuzo hiyo, Goncourt. Mwenyewe hakuwepo Paris. Alikuwa Fort-Archambault, kusini mwa Chad, mji unaoitwa Sarh siku hizi, akiitumikia kama ofisa tawala serikali ileile aliyoishitaki kitabuni.

Ilipita miaka 71 kabla mwandishi mwingine mweusi hajaipata Goncourt: Patrick Chamoiseau wa Martinique, mwaka 1992. Katika miaka hiyo yote jina la Maran lilikuwa limekwisha kuzama. Na hata leo likiibuka, linaibuka na majibu yanayogongana. Walowezi na magazeti yao walimwita msaliti wa Ufaransa. Wapigania uhuru wa kizazi kilichofuata walimwona mtumishi mtiifu wa Ufaransa hiyohiyo. Léopold Sédar Senghor, mshairi aliyekuja kuwa rais wa Senegal, alimwita mtangulizi wa Négritude, harakati ya waandishi weusi wa Kifaransa ya kujivunia weusi wao; Frantz Fanon, daktari wa akili kutoka Martinique, alimchukua mhusika mkuu wa riwaya yake nyingine akamlaza kitandani kama mgonjwa wa akili. Haiwezekani wote hao wawe wanamzungumzia mtu mmoja, mtu atasema. Inawezekana, na sababu yake inaanzia utotoni.

Maran alizaliwa Novemba 1887. Wazazi wake walikuwa watu wa Guyana ya Ufaransa, na kuzaliwa kwake kuliandikishwa Fort-de-France, Martinique. Baba yake alikuwa ofisa wa kikoloni, akapelekwa Gabon, na mtoto akaenda naye. Hali ya hewa ilimsumbua, basi alipofika umri wa miaka saba hivi wakampeleka shule ya bweni Bordeaux. Wazazi walibaki Afrika. Yeye akakulia bwenini, mtoto mweusi katikati ya watoto weupe, likizo zikija wenzake wanakwenda kwao. Lugha aliyoishika kwa mapenzi ni Kifaransa, vitabu alivyovimeza ni vya Kifaransa, na mashairi aliyoanza kuyaandika yalifuata kanuni za zamani za Kifaransa. Diwani yake ya kwanza ilitoka mwaka 1909. Rafiki aliyempata Bordeaux na kubaki naye maisha yote alikuwa Félix Éboué, kijana wa Cayenne, ambaye naye angekuja kuwa ofisa wa kikoloni na hatimaye gavana.

Baada ya diwani hiyo Maran akafuata njia ya baba yake: akaingia utumishi wa makoloni na kupelekwa Oubangui-Chari, nchi tunayoiita sasa Jamhuri ya Afrika ya Kati. Kwa maofisa wenzake alikuwa mtu mweusi. Kwa wenyeji alikuwa mtu wa serikali, anayeandika hesabu ya kodi. Hakuna upande uliomhesabu wake.

Hapa lazima tuiangalie nchi yenyewe, maana bila hiyo riwaya haieleweki. Mwaka 1899 Ufaransa iliigawa sehemu kubwa ya ardhi yake ya Kongo, Oubangui-Chari ikiwemo, kwa kampuni zipatazo 40, kila moja na eneo lake. Kampuni zilitaka mpira wa mwituni na pembe za ndovu. Serikali ilitaka kodi ya kichwa, na ilitaka mapagazi wa kubeba mizigo ya jeshi kuelekea Chad. Mwanakijiji alibanwa kotekote: aingie porini kukusanya mpira ili apate cha kulipia kodi, au abebe mizigo huku shamba lake likiota majani. Wanaume walipokimbia, wake na watoto wao walikamatwa na kufungiwa kama dhamana, na wengi walifia humo. Huko Fort-Crampel, tarehe 14 Julai 1903, sikukuu ya taifa la Ufaransa, mfungwa mmoja aliuawa kwa kulipuliwa na baruti. Kashfa ilipofika Paris, serikali ilimtuma mvumbuzi Pierre Savorgnan de Brazza kuchunguza mwaka 1905. Brazza alifia Dakar akiwa njiani kurudi. Ripoti iliyotokana na safari yake ikafungiwa makabatini, na umma haukuisoma kama kitabu mpaka mwaka 2014.

Msomaji wa Tanganyika au wa Kongo anaijua habari ya namna hii kutoka kwa mabibi na mababu. Wasomaji wa Paris mwaka 1921 walikuwa na kila njia ya kutoijua.

Maran alikaa katika nchi hiyo miaka mingi, kwa muda mrefu akiwa Grimari, eneo la Wabanda. Mwenyewe anasimulia kwamba usiku wa mbalamwezi alijinyoosha kwenye kiti barazani akasikiliza mazungumzo ya watu. Waliteseka, anasema, na wakayacheka mateso yao. Riwaya ilimchukua miaka sita. Aliiandika usiku, mchana akiwa kazini, na marafiki waliobaki Ufaransa, hasa mwandishi Manoel Gahisto, ndio waliomsaidia kuipeleka kwa wachapishaji. Albin Michel wakaitoa mwaka 1921.

Inaanza asubuhi. Batouala, jumbe mwenye wake tisa, ameamka lakini hajaamua kuondoka kitandani. Anajikuna, anapiga miayo, anamtazama mbwa wake Djouma, anawaza. Kwa nini wazungu wana haraka hivi? Kulala vizuri kuna ubaya gani? Kurasa zinapita, na bado hajasimama. Nadhani huu ni mmoja wa mianzo bora ya riwaya za Kifaransa za karne iliyopita, na ubora wake uko katika utulivu wake. Riwaya za kikoloni za wakati ule zilianza na mzungu anayeshuka melini. Mwafrika alikuwa mandhari, kama miti na mto. Maran amegeuza kiti. Sisi tumo ndani ya kichwa cha Batouala, na mzungu ndiye mgeni wa ajabu anayechunguzwa kwa mbali: viatu vyake, harufu yake, hasira zake zisizo na sababu.

Kisha Batouala anapiga ngoma kuviita vijiji kwenye sherehe za jando. Watu wanakusanyika, mkuu wa wilaya hayupo, pombe inazunguka, na ndimi zinalegea. Wazee wanakumbushana waliyoahidiwa: fanyeni kazi, lipeni kodi, nasi tutawajengea vijiji, barabara, madaraja, na mashine zinazotembea kwa moto juu ya vyuma. Viko wapi? Hakuna. Sisi ni nyama ya kodi, anasema Batouala, sisi ni wanyama wa kubebeshwa mizigo. Maneno haya hayasemwi jukwaani. Yanasemwa na watu waliolewa kidogo, kati ya kicheko na kicheko, na kwa hiyo yanakata zaidi. Baadaye ngoma inapamba moto, askari wanarudi na bwana wao, watu wanatawanyika, na uwanjani anabaki mzee mmoja amelala. Ni baba yake Batouala. Amekufa, pombe mwilini.

Nusu ya pili inageukia wivu. Mke kipenzi, Yassigui'ndja, anamtamani kijana Bissibi'ngui, na Batouala anajua. Wakati wa msako mkubwa wa moto porini Batouala anamrushia kijana mkuki, anamkosa, na palepale chui aliyefukuzwa na moto anampasua Batouala tumbo. Anakufa polepole nyumbani kwake, akiweweseka juu ya uongo wa wazungu, huku wapenzi wawili wakikumbatiana karibu yake.

Mzungu hamuui Batouala, na hilo lina uzito wake. Mwandishi wa hamaki angetaka jumbe afe kwa risasi ya askari ili tujue wa kumlaumu. Maran anamwacha afe kwa mambo yake mwenyewe, wivu na uwindaji, kama ambavyo binadamu yeyote angeweza kufa, na ukoloni unabaki umeizunguka hadithi kama homa isiyoisha. Kwa macho yangu huo ndio ushahidi kwamba tunasoma kazi ya mtunzi, wala si ripoti iliyovishwa majina.

Sitaficha kasoro zake. Ngoma ya jando imeandikwa kwa uroho ambao wasomaji wa Paris waliufurahia kwa sababu zisizo njema, na Wabanda wa kitabuni mara nyingine wanaburudisha jicho la mgeni kuliko wanavyoishi. Kwenye jalada kitabu kilinadiwa kama riwaya halisi ya watu weusi, tangazo lililouza nakala nyingi na kumfungia mwandishi ndani ya rangi yake.

Lakini dhoruba haikutokana na riwaya. Ilitokana na dibaji. Katika kurasa zile chache za mwanzo Maran anauita kwa jina ustaarabu wa Ulaya na kuuambia: unajenga ufalme wako juu ya maiti. Anawataja maofisa walevi. Anaeleza jinsi eneo la Grimari, lililokuwa na mpira mwingi, watu wengi, mashamba, kuku na mbuzi, lilivyoangamizwa kabisa kwa miaka saba tu. Halafu anawageukia waandishi wa Ufaransa, akiwaita ndugu, na kuomba sauti yao. Kuhusu riwaya yenyewe anasema haielezi, inashuhudia. Haikasiriki, inaandika tu. Basi hasira yote aliyoizuia isiingie katika hadithi aliimwaga mlangoni.

Watu wengi hawakuvuka mlango huo. Magazeti yaligombana juu ya dibaji, wabunge nao wakagombana, na wapinzani wakadai kwamba Maran amewapa Wajerumani silaha dhidi ya Ufaransa. Kitabu kilipigwa marufuku katika makoloni. Mwaka 1922 zilitoka kazi za kumjibu: daktari René Trautmann aliandika kitabu kizima cha kumkanusha, na Gaston Joseph, mtu wa utawala, akatunga riwaya ya Mwafrika mwenye kuridhika zaidi na watawala wake. Mwandishi kijana wa habari, Ernest Hemingway, alikuwa miongoni mwa wachache waliokisoma kama riwaya. Katika gazeti moja la Toronto alisifu jinsi msomaji anavyonusa harufu za kijiji, anavyokula chakula chake na kumwona mzungu kwa macho ya mtu mweusi.

Maran hakudumu kazini baada ya hapo. Maisha ndani ya utumishi yalikuwa hayawezekani tena. Akajiuzulu, akarudi Paris, na kuanzia hapo aliishi kwa kalamu.

Kilichofuata kinauma zaidi. Mwaka 1925 mwandishi Mfaransa André Gide alisafiri Kongo na Oubangui-Chari, na mwaka 1927 akachapisha aliyoyaona kuhusu kampuni za mpira. Ufaransa ilishtuka, bunge likajadili, na hadi leo vitabu vingi vya historia vinamtaja Gide kama mtu aliyefunua uovu ule. Gide alifanya kazi ya maana, na sitaki kumpunguzia. Lakini Maran alikuwa amekwisha kuyasema miaka sita kabla, kutoka ndani ya utumishi, akiwa na ajira ya kupoteza. Mmoja aliaminiwa kwa sababu alikuwa msafiri mweupe mwenye jina kubwa. Mwingine alishukiwa kwa sababu aliyoyasema yaliwahusu watu wa rangi yake, kana kwamba kuguswa na jambo kunamwondolea mtu haki ya kulishuhudia.

Turudi sasa kwenye lawama ya upande wa pili, ya kwamba alikuwa mtumishi wa Ufaransa. Ina msingi. Dibaji haidai uhuru wa Oubangui-Chari. Inadai Ufaransa itende inayoyahubiri. Maran aliamini kweli maneno aliyofundishwa Bordeaux, uhuru, usawa, udugu, na ghadhabu yake ni ya mtu aliyeona nyumba yake mwenyewe ikichafuliwa. Mwaka 1924, Alain Locke, mwanafikra Mmarekani mweusi, aliposifu katika jarida la Opportunity jinsi Ufaransa inavyowatendea askari weusi, aliyemjibu kwa barua ya wazi na kumwambia asidanganyike ni Maran. Raia wa Ufaransa akimwonya Mmarekani asiisifu Ufaransa kupita kiasi, hana unafiki. Ni upendo unaodai haki yake.

Mwaka huohuo aliingia pia kwenye ugomvi ulioacha kovu. Kojo Tovalou Houénou wa Dahomey, Benin ya leo, alikuwa ameanzisha gazeti la Les Continents, na Maran aliliandikia. Makala moja isiyo na sahihi ilimshutumu Blaise Diagne, mbunge wa Senegal, kwamba alilipwa kwa kila kichwa cha mwanajeshi aliyemwandikisha Afrika wakati wa vita kuu. Makala ilikuwa ya Maran. Diagne alishtaki kwa kashfa, gazeti likashindwa kesi, na muda si mrefu likafa. Historia ya watu weusi Paris ina makosa na majeraha ya aina hii, watu wawili wa rangi moja wakipambana mbele ya hakimu wa dola lililowatawala wote. Maran hakuwahi tena kuwa mwanaharakati kwa kiasi kile.

Nyumba yake, hata hivyo, ilikuwa wazi. Katika miaka ya 1930 Senghor alikuwa miongoni mwa vijana waliopita hapo, na kupitia Maran na mzunguko wa Paulette Nardal, mwandishi wa Martinique, wanafunzi wa Afrika na wa visiwa vya Karibi walikutana na waandishi weusi wa Marekani. Négritude ilipopata jina, yeye alikuwa kando, mtu wa makamo asiyependa bendera.

Kitabu kinachofungua fundo lote, kwangu mimi, ni Un homme pareil aux autres (Mtu kama wengine), cha mwaka 1947. Mhusika mkuu, Jean Veneuse, ni mtu mweusi aliyezaliwa visiwani na kulelewa Bordeaux. Amesoma sana, anapanda meli kwenda kazini Afrika, na anampenda mwanamke mweupe, Andrée Marielle, naye anapendwa. Hakuna kizuizi isipokuwa yeye mwenyewe. Hawezi kuamini kwamba anapendwa. Maran, ambaye naye alikuwa ameoa mwanamke mweupe, hakujificha mbali na mhusika wake.

Fanon aliichukua riwaya hii mwaka 1952 katika Peau noire, masques blancs (Ngozi nyeusi, barakoa nyeupe) na kumpa Veneuse utambuzi wa kitabibu: ni mtu aliyeumizwa na kuachwa utotoni, rangi ni kisingizio chake tu, na hawezi kusimama kama mfano wa uhusiano wa weusi na weupe. Sura ile ina akili kali, na kuhusu jeraha la bweni Fanon alilenga penyewe. Lakini alisoma riwaya kama faili la hospitali. Mtoto Veneuse hakuachwa hivihivi. Aliachwa kwa sababu dola lilimhitaji baba yake mahali fulani na lilimfundisha mwana kwamba utu upo mahali pengine. Kuachwa kwake na ukoloni ni jambo moja, na Maran aliliona hilo miaka mitano kabla ya Fanon kuandika. Aliliona bila istilahi, kwa njia ya mtunzi: mtu mmoja melini, mawimbi, na barua anayoogopa kuifungulia moyo.

Vitabu vyake vingine ni vingi na havilingani. Vya wanyama wa porini, kama Djouma, chien de brousse wa 1927 na Le Livre de la brousse wa 1934, vina lugha iliyochongwa vizuri kuliko chochote alichoandika. Vya wasifu vinashangaza zaidi: mwaka 1938 aliandika habari za Livingstone, yule ambaye mwili wake ulibebwa na Chuma na Susi na wenzao hadi Bagamoyo, na mwaka 1941 habari za Brazza. Mwandishi wa dibaji ile akiwasifu wavumbuzi wa Kizungu? Ukimfuata tangu mwanzo huoni ajabu. Aliwatafuta Wazungu ambao wangethibitisha kwamba Ulaya aliyoiamini iliwahi kuwepo. Brazza, aliyekufa akitoka kuchunguza uovu, alimfaa sana. Éboué pia, aliyemwandikia wasifu mwaka 1957.

Maran alifariki Paris tarehe 9 Mei 1960 na kuzikwa makaburi ya Montparnasse. Miezi mitatu baadaye, Agosti 13, Oubangui-Chari ikawa nchi huru. Wakati huo ulihitaji waandishi waliosema ndiyo au hapana, na yeye alikuwa ametumia maisha yake kusema mambo mawili kwa pamoja. Kwa wenye siasa hakufaa. Kwa walimu wa fasihi ya Ufaransa alihesabiwa Mwafrika, kwa walimu wa fasihi ya Afrika alihesabiwa Mfaransa, kwa hiyo silabasi nyingi zilimruka.

Mwaka 2021, miaka 100 baada ya tuzo, mambo yalisogea. Albin Michel walitoa tena Batouala ikiwa na utangulizi wa Amin Maalouf. Un homme pareil aux autres ikachapishwa upya ikiwa na utangulizi wa Mohamed Mbougar Sarr wa Senegal, na Novemba ya mwaka huohuo Sarr mwenyewe akashinda Goncourt, wa kwanza kutoka Afrika kusini mwa Sahara, kwa riwaya inayomtafuta mwandishi mweusi aliyewahi kusifiwa Paris na kisha akatoweka.

Anayetaka kumsoma Maran kwa mara ya kwanza, ushauri wangu ni kuiruka dibaji. Aanze na Batouala pale kitandani, afike mpaka chui, ndipo arudi kwenye dibaji akijua ni nani hasa wanaozungumziwa ndani yake. Baada ya hapo Un homme pareil aux autres, na sura ya Fanon iwe ya mwisho.